Uzi wa Saba

Kabla hujaniuliza: mimi ndiye niliyekuwa nyuma, kwenye santuri,
yule ambaye kila picha imemkata bega.
Kou Xiong, wa Fresno, California.
Siku hizi natengeneza viyoyozi.

Tulianzia kwenye ghala la zabibu kavu la ami yake Arsen,
mwaka tisini na sita, msimu wa ukungu,
ule ukungu wa bondeni unaomeza hata taa za barabarani.
Vumbi la sukari lilinata kwenye nyaya.
Tulijiita Ghala Tisa kwa sababu mlangoni paliandikwa hivyo
na hakuna aliyekuwa na wazo bora.

Sasa sikia jinsi ilivyokuwa.
Gitaa la Arsen lilikuwa na nyuzi saba,
na ule wa saba akaulegeza, akaulegeza,
mpaka ukawa si sauti tena bali uzito,
jokofu linaloburutwa sakafuni usiku na jirani asiye na haya.
Chuy Villaseñor hakulipapasa besi, alilichapa makofi.
Marlene Silveira alipiga ngoma nyuma kidogo ya wakati,
makusudi, kama mtu anayekuacha umngoje mlangoni.
Na Dwight Stallcup ananong'ona.
Ubeti mzima ananong'ona, maneno yakikanyagana visigino,
kisha kiitikio,
hapo koo linapasuka
na kila aliyemo ghalani anakumbuka alichofanyiwa.

Mimi? Mimi nilikwaruza.
Kri-kri, chwaka, sindano ikirudi ilikotoka.
Panya hao, mama alisema. Hakukosea.
Nilimrekodi akiimba huku akimenya vitunguu,
nikamkatakata vipande, nikamtia kwenye wimbo wa nne.
Hadi leo hajui.

Halafu mambo yakaja kwa pupa.
Mkataba. Basi lenye vitanda. Suruali pana zinazofagia jukwaa.
Omaha, Tulsa, Düsseldorf,
watoto elfu nane wakiruka pamoja mpaka zege likaomba radhi.
Kila usiku Dwight aliimba "Mkanda",
wimbo wa baba yake na ile bizimu ya shaba,
na kila usiku alilia kweli. Kamasi haziigizwi.

Novemba elfu mbili na moja, Bakersfield,
baba mwenyewe akaja.
Mzee Harlan, kofia mkononi,
masikioni vizibo vya manjano vya kiwandani.
Alisimama kando ya meza ya fulana saa mbili nzima.
Alinunua moja, isiyomtosha.
Nyuma ya jukwaa akauliza, taratibu,
"Ni upi ulio wangu?"
Dwight akasema, "Hakuna."
Mzee akatikisa kichwa, sawa.
Vizibo alikuwa hajavitoa.

"Mkanda" haukupigwa tena.
Watu husema tuliuawa na mitindo,
wale vijana wa suruali za kubana,
kampuni isiyopokea simu,
albamu ya tatu iliyouzwa vituo vya mafuta, karibu na karanga.
Kweli, hayo yote yalitokea.
Lakini mimi nilikaa nyuma, kazi yangu kuona migongo,
na niliuona mgongo wa Dwight ukifika kwenye kiitikio
kama mtu aliyeinua mguu kupanda kidato ambacho hakipo.

Mwaka jana walituita Sacramento,
saa nane mchana, jua la utosi, kabla ya wenye majina.
Marlene ana miwani ya kusomea.
Ghala limeuzwa, watu wananyanyua vyuma mle.
Tulipopanga orodha Dwight alichukua kalamu,
akaandika "Mkanda", akafuta, akaandika.
Mzee Harlan ana miaka sita kaburini.

Ulipofika, hakupasua koo.
Kiitikio chote alinong'ona.
Arsen akauacha uzi wa saba utetemeke peke yake,
nami nikainua sindano,
nikaishika hewani, nisikwaruze kitu.
Watoto wa mbele walidhani mitambo imekufa.
Mmoja akapaza: "Sauti! Hatusikii!"